Barua ya wazi kwa Waziri wa Utamaduni, Sanaa na Urithi: sauti ya Papa Wendo inaishia masandukuni

Mheshimiwa Waziri,

Nakuandikia kutoka Kisangani, mji ambao Kilingala kilichopanda na mto kutoka magharibi kilikutana na Kiswahili kilichoingia kutoka mashariki, na ambao hadi leo mama muuza samaki huanza kupatana bei kwa lugha moja akamaliza kwa nyingine. Nimechagua Kiswahili kwanza kwa sababu Katiba yetu ya mwaka 2006 inakitaja miongoni mwa lugha nne za taifa, nami sioni kwa nini waziri mwenye dhamana ya utamaduni asiandikiwe kwa mojawapo ya lugha hizo. Lakini pia wapo wengi, huku kwetu na ng'ambo ya maziwa, waliocheza rumba maisha yao yote bila kulisikia jina la mwimbaji Antoine Kolosoy, ambaye wazazi wetu walimwita Papa Wendo, na ningependa wasome hoja hii moja kwa moja, bila kupitia kwa mkalimani.

Tarehe 14 Desemba 2021 UNESCO iliiingiza rumba ya Kongo katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika wa binadamu, kwa maombi ya pamoja ya nchi yetu ya Kongo-Kinshasa na ya majirani zetu wa Kongo-Brazzaville. Siku hiyo mtaani kwetu redio zilifunguliwa sauti hadi usiku, na mimi, mwalimu mstaafu mwenye magoti mabovu, nilicheza na mke wangu uani. Siibezi heshima hiyo hata kidogo. Ninachokulalamikia ni kwamba taifa limepata cheti cha rumba, ilhali mwananchi wa Kisangani anayetaka kumsikia mmoja wa waasisi wake akiimba jinsi alivyoimba mwaka 1948 hana mlango wa umma wa kubisha hodi. Naomba wizara yako ikusanye, inakili na kuhifadhi santuri za mwanzo za rumba, na ianzie majumbani mwa watu, hasa katika miji ya kando ya mto, maana huko ndiko nyingi zilikobaki na huko ndiko zinakovunjika.

Wendo alizaliwa tarehe 25 Aprili 1925 huko Mushie, mji wa mtoni ambao siku hizi uko katika jimbo la Mai-Ndombe. Baba yake alifariki yeye akiwa mtoto mdogo, na mama, ambaye mwenyewe alikuwa mwimbaji, hakuchukua miaka mingi kabla ya kumfuata mumewe. Mtoto akalelewa na wamisionari, na husimuliwa kwamba walimtimua kabla hajafikisha hata miaka kumi na mitano, kwa sababu ya maneno ya nyimbo alizokuwa akiimba. Baada ya hapo alijifunza maisha mtoni. Alifanya kazi ya ufundi wa mitambo ndani ya meli, akipanda na kushuka pamoja na gitaa lake, na kwa kipindi fulani alikuwa pia bondia wa kulipwa. Hata jina lake lina safari yake, kwa kuwa vijana walimbandika jina la Windsor, kwa mfano wa yule Duke wa Windsor wa Uingereza, na midomo ya watu ikalilainisha kidogo kidogo likawa Wendo. Sisi tunaosema Kiswahili tulipolisikia tulidhani ni mwendo, na kwa mtu aliyeishi melini sidhani kama tulikosea sana.

Mwaka 1948 mfanyabiashara wa Kigiriki, Nicolas Jéronimidis, alifungua studio ya Ngoma mjini Léopoldville, yaani Kinshasa ya leo. Miongoni mwa kazi za mwanzo kabisa za studio hiyo ni wimbo uitwao Marie-Louise, Wendo akiimba na Henri Bowane akipiga gitaa. Anayeusikiliza leo, akiwa amezoea bendi za watu ishirini, hushangaa jinsi ulivyo na vitu vichache: sauti, magitaa na mdundo mwepesi tu. Halafu huja mahali ambapo Wendo huiachia sauti ivunjike kooni na kuruka juu, kama ya mtu anayemwita mwenzake aliye upande wa pili wa mto, kisha huishusha taratibu hadi mahali ilipotoka. Gitaa la Bowane nalo halikubali kuwa mtumishi wa mwimbaji. Hujitenga, likakimbia peke yake, na ndiyo maana wengi humtaja kuwa mmoja wa walioanzisha kile tunachokiita sebene. Sehemu hiyo, ambayo leo huchukua nusu ya wimbo na ndiyo inayowainua watu vitini kuanzia Kinshasa hadi Mombasa, ilikuwa pale tangu mwanzo, imebanwa ndani ya dakika tatu za upande mmoja wa santuri.

Uvumi ukaenea kwamba Marie-Louise ikipigwa usiku wa manane huamsha wafu. Kanisa Katoliki halikuufurahia uvumi huo, wala halikumfurahia mwimbaji, na masimulizi ya zamani yanasema Wendo alilazimika kuondoka Léopoldville kwa muda na hata kufungwa hapa kwetu, wakati huo Stanleyville. Marehemu mama yangu, aliyekuwa mwanakwaya, hakuwa na haja ya uthibitisho. Ilipofika saa tatu za usiku aliuchomoa ule mpini wa kukazia springi ya gramafoni na kwenda kuufukia ndani ya gunia la mchele, na baba alipotaka kumwonyesha mgeni santuri zake ilimpasa kwanza amtongoze mkewe upya.

Baba yangu alikuwa mpakizi wa mizigo wa Otraco, shirika la usafiri la enzi za ukoloni, katika bandari ya Stanleyville. Santuri alizinunua moja moja, nyingine kwa mabaharia waliotoka nazo Léopoldville, na alizitunza ndani ya sanduku la mbao akizitenganisha kwa magazeti ya Kifaransa ambayo hakuweza kuyasoma. Alipofariki mwaka 1983 niliziorodhesha katika daftari la shule: zilikuwa 41. Niliandika jina la mwimbaji, la mtunzi, la wimbo na namba iliyochapwa kwenye karatasi ya katikati. Daftari hilo ninalo mpaka leo, na ninalitaja kwa sababu santuri hubeba maelezo yake yenyewe. Karatasi ile ya katikati ikiliwa na mende, inaweza kubaki sauti isiyo na mwenyewe.

Kwa vijana waliopo ofisini kwako ambao huenda hawajawahi kuishika, santuri ya mizunguko 78 kwa dakika si kitu cha plastiki. Ilitengenezwa kwa utomvu wa wadudu uliochanganywa na unga wa mawe, ni nzito mkononi, na ikianguka hupasuka kama sahani ya udongo. Sindano ya gramafoni ilikuwa ya chuma na ilitakiwa kubadilishwa kila baada ya upande mmoja, lakini sindano zilikuwa ghali na watu walizitumia mpaka zikawa misumari. Kila mara santuri ilipopigwa kwa sindano butu, mifereji yake ilikwanguliwa. Kwa hiyo wimbo uliopendwa sana ndio uliochakaa zaidi, na ndiyo maana nakala yangu ya Marie-Louise inasikika kama mtu anayeimba nyuma ya mafuta yanayokaangwa.

Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana ndani ya mji wetu kwa siku sita, sisi wa komini ya Tshopo tulilala chini ya vitanda na mabomu yakipita juu ya paa. Ukuta wa chumba cha nyuma uliangukia sanduku. Sithubutu kuziombolezea santuri mbele ya familia zilizozika watoto wiki ile, nami mwenyewe sikuzikumbuka hadi mwezi ulipopita. Nilipofungua nilikuta 17 nzima, na nyingine zikiwa vipande vyeusi vilivyochanganyika na magazeti. Nilikaa sakafuni nikijaribu kuunganisha vipande vya wimbo mmoja wa Léon Bukasa, mwimbaji mwingine wa studio ya Ngoma, kama mtu anayeunganisha chungu. Vilikaa sawa, lakini havikuwa na faida tena.

Miaka michache baadaye nilizipeleka zile 17 katika ofisi moja ya umma nikitaka zihifadhiwe. Sitaitaja ofisi hiyo wala mji ilipo, kwa sababu sikuandika barua hii ili mtu afukuzwe kazi. Bwana aliyenipokea alikuwa mwenye adabu. Aliniambia niliache sanduku sakafuni, karibu na jenereta, na kwamba mkubwa wake akirudi atajua la kufanya. Niliomba stakabadhi. Akasema hawana fomu ya vitu vya namna hiyo. Nilipolibeba sanduku langu kurudi nalo nyumbani alinisindikiza hadi barabarani, akaniuliza, kwa nia njema kabisa, kwa nini nisiziuze kwa Wazungu, maana wao hulipa. Mheshimiwa, bwana yule hakukosea. Wanunuzi hufika kweli, na mjane mwenye watoto wa kusomesha hawezi kulaumiwa akiuza kasha la marehemu mumewe kwa bei ya gunia la mchele.

Kwa sababu hizo, mzee wa rumba tunamwazima kutoka kwa wengine. Nyimbo za studio ya Ngoma zilizokusanywa upya na kutolewa katika sidii miaka ya 1990 zilitolewa Frankfurt, nchini Ujerumani. Wendo mwenyewe alikuwa amejitenga na muziki tangu katikati ya miaka ya 1960, baada ya kuuawa kwa Patrice Lumumba, ambaye alikuwa rafiki yake, kwa kuchukizwa na jinsi siasa ilivyowatenda watu. Aliporejea jukwaani katika miaka ya 1990, akiwa mzee anayetembea taratibu kwa mikono ya wenzake wa bendi yake, Victoria Bakolo Miziki, albamu mpya za sauti yake, ile ya mwaka 1997 na ile ya mwaka 1999, zilitolewa na kampuni za Ulaya. Filamu ya mwaka 2007 inayomwonyesha akiwa na wanamuziki wazee wa Kinshasa ni ya Jacques Sarasin, mwongozaji wa kutoka Ulaya. Alifariki mjini Kinshasa tarehe 28 Julai 2008, akiwa na miaka 83. Nawashukuru wageni hao kwa dhati, maana bila wao mjukuu wangu asingemsikia Wendo kabisa. Lakini nilipomkuta akimsikiliza kwenye simu, kwa nakala iliyosafishwa na fundi wa mbali, niliona haya ambayo mwalimu huona mwanafunzi wake anapofundishwa somo lake na jirani.

Mkataba wa UNESCO wa mwaka 2003, ambao ndio uliotupatia heshima ile ya Desemba 2021, hauishii kwenye vyeti. Unaitaka kila nchi iandae orodha za urithi ulioko katika ardhi yake, na unahimiza kuanzishwa kwa taasisi za kumbukumbu ambazo wananchi wanaweza kuzifikia. Najua kuna watakaosema kwamba rumba ni urithi usioshikika, kwa hiyo vitu vinavyoshikika kama santuri si hoja. Hapana. Huwezi kumfundisha kijana jinsi Wendo alivyoivunja sauti yake kwa kumsimulia. Wale waliosimama karibu naye na kuyaona hayo kwa macho, waliokuwa vijana katika miaka ya 1940, wamekwisha. Kilichobaki cha kufundishia ni ule mfereji wenyewe uliochongwa siku ile studioni.

Kuhusu kumbukumbu zilizoko nje, nina jambo ambalo naomba wataalamu wako walitafakari. Februari 2022 Waziri Mkuu wa Ubelgiji alimkabidhi Waziri Mkuu wetu orodha ya vitu vipatavyo 84,000 vya Kongo vilivyoko katika jumba la makumbusho la Tervuren. Tangu hapo mjadala umekuwa wa vinyago na sanamu, na mjadala huo ni mgumu kwa sababu kinyago kikiwa Kinshasa hakiwezi kuwa Tervuren. Sauti haiko hivyo. Ikinakiliwa, mwenye nacho habaki mtupu. Rekodi za Kongo zilizoko katika makumbusho, redio na makasha ya wakusanyaji wa Ulaya zinaweza kurudi kwetu kwa nakala nzuri bila mtu yeyote kupokonywa, na serikali yoyote inayodai kwamba inataka kurekebisha ya zamani itaona aibu kulikataa ombi jepesi kiasi hicho. Kinachotakiwa ni sisi kuomba rasmi, kwa orodha, tukitaja majina na namba.

Orodha hiyo ndiyo itakayotupeleka tena kwenye majumba yetu. Sipendekezi jengo. Tumejenga majengo, na Jumba la Makumbusho la Taifa lililofunguliwa Kinshasa mwaka 2019 lina nafasi ya kutosha kupokea kazi itakayofanyika. Tumesimamisha pia sanamu ya mwanamuziki Franco pale Victoire, Kinshasa, nami nimepiga picha mbele yake kama kila mgeni. Ninachopendekeza ni chombo cha mtoni. Wekeni katika meli moja mashine mbili za kupigia santuri za mizunguko 78, zenye sindano pana zinazofaa mifereji ya zamani, kwa sababu sindano ya LP, yaani ya santuri za plastiki zilizokuja baadaye, ni nyembamba, hushuka hadi chini ya mfereji na kusoma uchafu badala ya wimbo. Ongezeni kompyuta, betri za sola za kutosha ili kazi isisimame umeme unapokatika, mafundi wawili wenye subira na kijana mmoja wa kupiga picha zile karatasi za katikati. Meli hiyo ipande kutoka Kinshasa hadi hapa, zaidi ya kilomita 1,700, ikitia nanga Mbandaka, Lisala na Bumba, na safari nyingine iingie Kasai ipite Mushie alikozaliwa Wendo. Redio za mitaa zitangaze wiki mbili kabla. Mwenye santuri alete, apewe stakabadhi, isafishwe na kunakiliwa mbele ya macho yake, kisha arudishiwe mali yake pamoja na nakala ya kusikiliza kwenye simu. Atakayetaka kuliuzia taifa, alipwe bei ya haki. Nina hakika makasha yatatoka chini ya vitanda ambayo hakuna mtaalamu aliyeyawazia.

Nasisitiza kurudisha, kwa sababu watu wetu wameibiwa mara nyingi mno na watu wenye fomu. Vilevile mafundi hao wasije na mashine za santuri tu, waje pia na mikrofoni. Bibi atakayeleta santuri atakuwa na habari zake: ilinunuliwa kwa nani, ilichezwa katika msiba au harusi gani, nani alikatazwa kuisikiliza. Habari ya mama yangu na gunia la mchele haiko kwenye maktaba yoyote, na kila nyumba ya zamani ya mtoni ina gunia lake.

Jambo la haki za warithi nalo lisiachwe mpaka mwisho, kama kawaida yetu. Tunayo sheria ya hakimiliki ya mwaka 1986 na tunayo SOCODA, chombo cha kusimamia haki za watunzi. Nakala zikishawekwa kwenye intaneti bila majina sahihi ya watunzi, itakuwa rahisi kwa yeyote kuzichukua akatia jina lake, na wajukuu wa akina Bowane, Bukasa na Wendo wataendelea kusikia nyimbo za babu zao katika matangazo ya biashara wasipate hata nauli ya basi. Kwa hiyo kila wimbo utakaonakiliwa uandikwe palepale jina la mtunzi kama lilivyo kwenye santuri, na orodha hiyo ifikishwe kwa wanaohusika na hakimiliki kabla wimbo haujawekwa hadharani.

Najua bajeti ya wizara yako ni ndogo na najua vita vinavyoendelea mashariki vinakula fedha na akili za serikali. Mimi ninaishi upande huu, sihitaji kukumbushwa. Lakini vita ndivyo vilivyovunja santuri zangu 24, na huko Goma na Bukavu, ambako wazazi wetu walizipenda nyimbo hizi kama sisi, sijui ni makasha mangapi yaliyoachwa nyuma watu walipokimbia na watoto mgongoni. Kusubiri amani ndipo tuanze kukusanya ni kukubali kwamba tutakusanya vipande.

Wazee wa Kinshasa wana msemo wa Kilingala wa kuelezea zama za kale, tango ya ba Wendo, yaani enzi za akina Wendo. Sisi husema zilipendwa. Mtu anaposema hivyo huwa anamaanisha zamani sana, wakati ambao hakuna anayeukumbuka sawasawa. Wendo alikuwa hai bado nao wakimtumia kuhesabia nyakati, na nasikia alikuwa akicheka akiusikia msemo huo.

Mheshimiwa Waziri, zile santuri 17 ziko nyumbani kwangu, zimesimamishwa wima kama inavyotakiwa, kila moja ndani ya bahasha ya karatasi ngumu niliyoishona mwenyewe. Daftari la mwaka 1983 liko juu yake. Siziuzi. Siku utakapomtuma mtu wako mwenye mashine ya mizunguko 78 na kitabu cha stakabadhi nitamfungulia, iwe asubuhi au usiku wa manane, na mpini wa gramafoni ya baba nitakuwa nao mkononi, kwa kuwa siku hizi hakuna wa kuuficha.

Wako mtiifu,
Mwalimu mstaafu, komini ya Tshopo, Kisangani